Mfanyakazi Asiye na Namba Naye Ana Haki



Wengi kati yetu tulifundishwa kusoma na mtu ambaye Serikali haimjui. Tunamkumbuka mmoja, na jina lake tutalihifadhi. Alitufundisha hesabu katika darasa la tano, ndani ya chumba cha mbao kilichojengwa juu ya mawe meusi ya volkano. Asubuhi alifika kabla ya kengele. Saa za mchana alivua shati lake jeupe, akaketi kando ya barabara chini ya mwavuli, akiuza unités za simu. Sisi watoto tulidhani anapenda biashara. Tulipokua ndipo tulipofahamu kwamba katika miaka 12 ya kufundisha hakuwahi kupokea mshahara hata mmoja kutoka hazina ya taifa. Barua ya kupangiwa kazi alikuwa nayo, yenye sahihi na muhuri. Alichokosa ni namba ya matrikuli, na kwa hiyo jina lake halikuwa katika orodha ya wanaolipwa.

Watu wa namna yake wana jina katika makaratasi ya ofisi. Kwa Kifaransa huitwa «nouvelles unités», na kwa kifupi N.U. Wako mashuleni, wako katika vituo vya afya, wako katika ofisi za wilaya na za mitaa. Tunawaomba mlitazame jina hilo kwa makini, kwa maana linasema mengi. Mtu ameitwa «unité», kama kile alichokuwa akituuzia kwa ajili ya simu. Tena ameitwa «mpya», ilhali nywele zake zimeingia mvi kazini. Nguo haibaki mpya miaka 12. Ndoa haibaki mpya miaka 12. Ni kwa sheria gani basi mfanyakazi wa umma abaki mpya hadi siku anapozikwa?

Tumeandika ukurasa huu kwa sababu tunaamini hakuna sheria ya namna hiyo. Mara nyingi tunasikia watu wema wakisema: «Walimu hawa wanateseka, tuwasaidie.» Maneno hayo ni mazuri, lakini yanawageuza wadai kuwa waombaji. Msaada hutolewa kwa hiari, nayo haki hulipwa kwa wajibu. Mwalimu wetu alikuwa akidai deni.

Tuanze na sheria iliyo juu ya zote. Katiba ya tarehe 18 Februari 2006, katika kifungu cha 36, inasema kwamba kazi ni haki na wajibu mtakatifu wa kila Mkongomani, na kwamba Serikali inamhakikishia mfanyakazi malipo ya haki yanayomwezesha yeye na jamaa yake kuishi maisha yanayoiheshimu hadhi ya binadamu. Kifungu hicho hakimtaji mwenye matrikuli peke yake. Kinamtaja mfanyakazi. Anayeingia darasani saa moja na nusu na kutoka saa sita na nusu, akisahihisha madaftari 60 usiku kwa taa ya simu, amefanya kazi. Kama hakufanya kazi, basi vyeti tulivyo navyo mikononi tumevipata wapi?

Baada ya Katiba zinafuata sheria mbili. Ya kwanza ni ile namba 16/013 ya tarehe 15 Julai 2016, inayohusu wafanyakazi wa kudumu wa huduma za umma. Hiyo inaeleza jinsi mtu anavyoingia katika utumishi wa kudumu: nafasi iwepo, mashindano ya wazi yafanyike, kisha aliyefaulu aandikwe. Ya pili ni Sheria ya Kazi namba 015/2002 ya tarehe 16 Oktoba 2002. Hiyo inawalinda wafanyakazi kwa jumla, na inapotaja watu wasiohusika nayo, inawataja wafanyakazi wa kudumu wa Serikali, mahakimu, askari na polisi, kwa kuwa hao wana sheria zao wenyewe.

Hapo ndipo penye fundo la jambo lote, nasi tunawasihi mlishike vizuri. Mwenye ofisi humwambia N.U.: «Wewe bado hujawa mfanyakazi wa kudumu wa Serikali, kwa hiyo huna haki ya mshahara wa Serikali.» Akijibu, «Basi nilinde kwa Sheria ya Kazi kama mfanyakazi mwingine yeyote,» huambiwa: «Hapana, wewe ni mtu wa Serikali, sheria hiyo haikuhusu.» Asubuhi si mtu wa Serikali, na jioni ni mtu wa Serikali. Mlango wa mbele umefungwa kwa kisingizio kwamba yuko nyuma, na wa nyuma kwa kisingizio kwamba yuko mbele.

Tunasema waziwazi kwamba ni lazima Serikali ichague. Ikiwa huyu ni mtumishi wake, impe namba na imlipe. Ikiwa siye, basi Sheria ya Kazi inamhusu, maana waliotolewa ndani yake ni wale wa kudumu tu, na yeye amekwisha kuambiwa kwamba si wa kudumu. Sheria hiyo nayo haina upole kwa mwajiri anayechezea muda. Kifungu cha 40 kinasema kwamba hata kibarua wa siku kwa siku, akiwa amekwisha kufanya siku 22 za kazi katika muda wa miezi miwili, akichukuliwa tena kabla ya miezi hiyo kwisha, huhesabiwa kuwa na mkataba usio na kikomo. Kifungu cha 42 kinaagiza kwamba anayewekwa kwenye kazi ya kudumu apewe mkataba usio na kikomo. Kifungu cha 44 kinaongeza kwamba mkataba ambao haukuandikwa hudhaniwa kuwa hauna kikomo, mpaka mwajiri athibitishe kinyume. Kibarua anayebeba mawe kwa siku 22 amelindwa. Je, anayefundisha watoto kwa miaka 12 asilindwe?

Wapo watakaouliza: hali hii ilivumilikaje muda mrefu hivyo? Jibu liko majumbani mwetu. Kwa miaka mingi wazazi wetu ndio waliowalipa walimu kwa ile ada tuliyoizoea kwa jina la prime. Mama aliyeuza makala na baba aliyesukuma chukudu kutoka Kibumba walibeba mzigo ambao kwa haki ulikuwa wa taifa. Mwezi wa Septemba 2019 Serikali ikatangaza kwamba shule ya msingi ni bure, kama Katiba ilivyoagiza tangu 2006 katika kifungu cha 43. Tuliufurahia uamuzi huo, na hata leo tunautetea. Wadogo zetu waliokuwa wakifukuzwa kwa kukosa ada walirudi darasani, na madarasa yakafurika.

Lakini siku ile prime ilipoondolewa, mwenye namba alibaki na mshahara wake, mdogo lakini wake. Asiye na namba alibaki na chaki. Wengine waliingizwa katika orodha baadaye, nasi tunakiri hilo kwa moyo wote, ila wengine wangali wanangoja. Elimu ni bure kwa mtoto pale jamii nzima inapoilipia kupitia kodi. Ikiwa anayeilipia ni mwalimu mmoja kwa njaa ya watoto wake, hiyo ni kodi aliyotozwa mtu mmoja, tena maskini. Mwanzoni mwa mwaka wa shule 2024-2025 walimu wengi waligoma wakidai mshahara wa dola 500. N.U. alisimama pembeni akiwatazama wenzake. Hata mgomo kwake ni anasa, maana hana mshahara wa kuongezewa.

Sasa tuyasikilize maneno ya upande wa pili, kwa sababu hatupendi kushinda mjadala kwa kuwanyamazisha wengine.

Wa kwanza husema: fedha hazipo, na watu hawa ni wengi mno. Tunajibu kwamba tatizo la hesabu ni la kweli, lakini tuitazame hesabu yote. Mwaka 2020 Ukaguzi Mkuu wa Fedha, IGF, ulichunguza malipo ya walimu ukakuta shule hewa na walimu hewa katika orodha. Tafakarini jambo hilo. Mtu asiyekuwepo duniani alikuwa na namba na mshahara, na mtu aliyekuwepo mbele yetu, mwenye chaki mkononi, hakuwa na chochote. Hazina inayowalipa wasiokuwepo haina haki ya kuwaambia waliopo kwamba imekauka. Isafishwe kwanza, kisha tuhesabu pamoja kilichobaki.

Wa pili husema: wengi wao waliingia bila mashindano, wengine kwa undugu au kwa rushwa. Neno hili lina ukweli ndani yake, nasi hatutalikwepa. Sheria ya 2016 inadai mashindano, na sisi vijana wenye diploma tunayataka kuliko mtu yeyote, kwa kuwa bila hayo nafasi zitazidi kwenda kwa watoto wa wakubwa. Basi na yafunguliwe. Yafanyike mchana, matokeo yabandikwe ukutani, na miaka ambayo mtu amekwisha kutumika ihesabiwe kwa faida yake. Asiyefaulu aambiwe na apewe kile alichokwisha kukitolea jasho. Lakini kukataa kufungua mashindano, kisha kumlaumu mtu kwa kutoshindana, ni sawa na kuufunga mlango kwa kufuli na kumshtaki aliye nje kwa uvivu wa kuingia.

Wa tatu husema: walikubali wenyewe, hakuna aliyewalazimisha. Papa Leo XIII alikwisha kulijibu neno hili katika Rerum Novarum mwaka 1891. Alifundisha kwamba mapatano peke yake hayafanyi malipo yawe ya haki, kwa sababu mwenye njaa hukubali chochote kwa kuogopa baya zaidi. Katika mji ambamo kiwanda hakuna, shamba limeachwa nyuma ya mstari wa vita na familia ina wageni waliokimbia, kukubali kazi isiyo na mshahara kwa matumaini ya kuandikwa kesho si hiari kamili.

Wa nne hutumia neno zuri kuliko yote, neno «wito». Husema kwamba ualimu na uuguzi ni sadaka, na malipo yake yako mbinguni. Ndugu zetu, tuwe na hofu ya Mungu tunapolitumia neno hilo. Sadaka hutolewa na mwenye mali, haichukuliwi na mwingine kutoka mfukoni mwake. Sheria ya Musa ilimwamuru mwenye shamba amlipe kibarua siku ileile kabla jua halijatua, kwa sababu mtu yule ni maskini na moyo wake unaungojea ujira huo. Mtume Yakobo anawaonya matajiri kwamba ujira waliouzuia unapiga kelele, na kelele hizo zimefika masikioni mwa Bwana. Hata katika mfano wa Yezu juu ya shamba la mizabibu, ambao tunapenda kuufafanua kwa namna nyingi, jambo moja halina ubishi: jioni ilipofika, kila mmoja alilipwa.

Wa tano husema: sasa ni vita, subirini. Tangu mwishoni mwa Januari 2025, Goma ilipotekwa na M23, benki za mji zilifunga milango yake, na hata wenye matrikuli wamejua maana ya kutafuta mshahara wao kwa shida. Hatufanyi mzaha na hali hii. Lakini kwa ajili hiyo hasa jambo hili haliwezi kungoja. Mwenye namba, vita vikiisha, atasema: nadaiwa miezi kadhaa, na jina langu hili hapa. Asiye na namba hana mahali alipoandikwa, isipokuwa katika barua moja iliyokunjwa ndani ya Biblia ya mkewe. Nyumba ikiungua, au familia ikikimbia usiku, miaka 12 inafutika. Mji wetu, uliotorokea Sake na Gisenyi mwezi wa Mei 2021 kwa hofu ya Nyiragongo, unajua jinsi karatasi zinavyopotea.

Tena wapo wasiobisha lolote, wanatikisa kichwa tu: «Sheria za hapa ni karatasi.» Hao tunawaelekeza kwa jirani zetu. Nchini Kenya maelfu ya walimu waliokwisha kuhitimu na kusajiliwa walifundisha katika shule za sekondari ya chini kama wanagenzi, kwa posho na kwa mkataba wa muda. Mwezi wa Aprili 2024 Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi iliamua kwamba Tume ya Huduma ya Walimu ilivunja haki zao kwa kuwaajiri kwa namna hiyo. Uamuzi huo haukufanya muujiza. Walimu waligoma, wakadharauliwa, wakarudi tena kudai. Hatimaye wanagenzi 46,000 walipewa ajira ya kudumu kuanzia Januari 2025. Nchi yetu si Kenya, na mahakama zetu tunazifahamu. Hata hivyo karatasi ya sheria hupata nguvu siku watu wanapoishika mkononi na kusimama nayo.

Imebaki sehemu iliyo ngumu kuiandika, kwa kuwa inatuhusu sisi wenyewe. Tangu mkataba wa mwaka 1977 kati ya Serikali na madhehebu, Kanisa linaongoza shule nyingi ambazo mishahara yake ni wajibu wa Serikali. Kwa hiyo barua nyingi za N.U. zina sahihi ya mkono wa Kanisa. Tukifungua darasa jipya kwa sababu watoto ni wengi, tukampa kijana barua tukijua kwamba hakuna mshahara ulioandaliwa, kisha tukamwelekeza Kinshasa, tumenawa mikono mbele ya umati. Yohane Paulo II, katika Laborem Exercens ya mwaka 1981, alitofautisha mwajiri wa moja kwa moja na yule asiye wa moja kwa moja, yaani yule anayeweka masharti ambamo kazi inafanyika. Alifundisha kwamba wote wawili wana wajibu. Nayo Sinodi ya Maaskofu ya mwaka 1971 ilitamka kwamba anayethubutu kuwahubiria watu haki lazima kwanza awe mwenye haki machoni pao, na ikawataja wale wanaolitumikia Kanisa kwa kazi zao. Kwa hiyo ombi letu kwa wazee wetu wanaoongoza shule, tunalolitoa kwa heshima ya watoto kwa wazazi, ni hili: barua mpya zisitolewe bila kumweleza mtu ukweli wote, na orodha kamili ya wanaofundisha bila malipo, pamoja na miaka yao, ifikishwe Serikalini kila mwaka na isomwe hadharani.

Na sisi vijana tufanye nini? Hatuna hazina wala mahakama, lakini yapo mambo manne tunayoyaweza.

La kwanza ni kuhifadhi ushahidi. Kila kikundi kiwatembelee walimu na wauguzi wa parokia yake wasio na namba. Kiwasaidie kunakili barua, daftari za mahudhurio na ripoti za ukaguzi, na nakala moja ihifadhiwe mahali pa pili palipo salama. Tuliofundishwa nao tuandike ushuhuda wetu na kuutia sahihi.

La pili ni kujua muda. Chini ya Sheria ya Kazi, dai la mshahara hupotea likikaa mwaka mmoja tangu siku ulipopaswa kulipwa, na madai mengine ya mkataba hupotea baada ya miaka mitatu. Uvumilivu ni fadhila, ila sheria haiuhesabu.

La tatu ni kujua njia. Mgogoro wa kazi hupelekwa kwanza kwa mkaguzi wa kazi ili awapatanishe wahusika, ndipo uende mahakamani. Asiyepita hapo hurudishwa. Mtu aende na chama chake cha wafanyakazi, asiende peke yake.

La nne ni barua ya pamoja. Kifungu cha 27 cha Katiba kinampa kila Mkongomani haki ya kuiandikia mamlaka ya umma, peke yake au pamoja na wengine. Mamlaka inapaswa kujibu katika miezi mitatu, na hakuna anayeweza kushtakiwa kwa kuandika. Ni wangapi kati yetu waliowahi kuitumia haki hiyo hata mara moja?

Mwalimu wetu wa darasa la tano bado anafundisha. Tulipomweleza kwamba tunaandika habari za watu kama yeye, alituuliza kama tumehakikisha tahajia. Hakutuomba fedha wala maombi. Tulipokuwa tukiondoka alitoa ile barua yake, imechakaa kwenye mikunjo, akasema: «Nendeni mkainakili, kisha mnirudishie.» Tumeinakili, na tumemrudishia. Kazi iliyobaki ni yetu sote.

Maswali ya kutafakari katika vikundi:

1. Katika shule na kituo cha afya cha parokia yetu, nani wanafanya kazi bila namba, na tangu mwaka gani?

2. Ni wakati gani tumelitumia neno «sadaka» au «wito» ili kuficha deni tunalodaiwa sisi wenyewe, hata nyumbani, kwa msichana wa kazi au kwa mbeba maji?

3. Barua yetu ya pamoja itaandikwa lini, na nani ataipeleka?